Jinsi ya Kubuni Nchi ya Vioo kwa Mchezo wa Kuigiza Mezani, Hatua kwa Hatua

Maswali ni yale yale kila mara. Nchi ya vioo inabuniwaje bila wachezaji kupotea? Uhalisia ugeuke mara ngapi kwa kikao? Ramani ichorwe moja au mbili? Nani atakumbuka yuko upande gani? Mwongozo huu ni wa msimamizi ambaye ameshaongoza mchezo wa kuigiza mezani (yeye husimulia nchi, na kila mchezaji huigiza mhusika wake) mara kadhaa, ila hajawahi kujaribu eneo la namna hii. Mwandishi wa hadithi naye unamfaa. Aziruke tu sehemu za dadu na karatasi za wachezaji.

Kabla hujagusa penseli, lishike jambo moja. Nchi ambayo kila kitu hugeuka wakati wowote haimtishi mtu, inamchosha. Mchezaji asiyeweza kutabiri lolote huacha kufikiri: anarusha dadu, kisha anakaa kungoja aambiwe kilichotokea. Kinachomkaa mchezaji kichwani ni nchi yenye sheria moja isiyoyumba, ambayo bado hajaijua lakini anaziona dalili zake kila anapogeuka. Kwa hiyo kazi kubwa hapa ni kuchagua sheria hiyo na kuifuata hadi mwisho, hata pale inapokuharibia mipango.

## Utakachohitaji

- Kioo bapa kimoja cha takriban sm 20 kwa 30. Cha plastiki ni bora mezani. Kama ni cha glasi, zungushia kingo zake utepe wa gundi.
- Vioo viwili vidogo vinavyolingana, kama sm 10 kwa 15, vilivyoungwa kwa utepe upande wa nyuma ili vifunguke na kufungwa kama kitabu.
- Karatasi ya grafu yenye miraba ya sm 1, walau tano.
- Karatasi mbili zinazopitisha mwanga, za ukubwa huohuo.
- Penseli laini, rula, kipimapembe, na kalamu ya wino mzito.
- Dadu mbili za pande sita, na kete moja kwa kila mchezaji. Kete iwe na sura mbili tofauti: nyeupe juu, nyeusi chini.
- Tochi ndogo na kijiko cha chuma kinachong'aa.

Usilete mezani kioo cha kale chenye madoa na kuanza kukikwangua mgongo. Justus von Liebig alionyesha njia ya kupaka fedha kwenye glasi mwaka 1835. Kabla ya hapo vioo vingi vilipakwa bati lililochanganywa na zebaki, na zebaki ni sumu. Tochi ya leza nayo iache. Ikipiga kioo, hujui mwale utaishia kwenye jicho la nani.

## Hatua ya 1: Chagua sheria moja

Andika sentensi moja, isizidi mstari mmoja wa daftari. Sheria tutakayoitumia humu ni hii:

Kila unapopita ndani ya kioo, mwili wako hugeuzwa kinyume. Nchi yenyewe haigeuki kamwe.

Soma tena nusu ya pili, maana ndiko wanaoanza wanakoteleza. Wao huchora nchi mbili, ya huku na ya ndani ya kioo, kisha wanashindwa kuzisimamia zote. Hapa nchi ni moja tu, na anayegeuka ni mtu. Lakini mtu aliyegeuzwa hajioni kuwa amegeuka. Machoni pake ni dunia iliyopinduka: maandishi yanasomeka nyuma mbele, mto uliokuwa unapinda kulia sasa unapinda kushoto, na akitazama kaskazini jua linachomoza upande wa mkono wake wa kushoto. Hapo umepata uhalisia unaogeuka bila kubadilisha hata mraba mmoja wa ramani.

Hesabu yake ni nyepesi. Mtu aliyepita vioo mara 0, 2, 4 (namba shufwa) yuko sawa. Aliyepita mara 1, 3, 5 (namba witiri) yuko kinyume. Hakuna hali ya tatu.

Zipo sheria nyingine zinazofaa, kwa mfano kwamba kitu hubaki na umbo lake pale tu kinapoonekana kiooni, au kwamba kila kioo huonyesha mambo ya saa moja iliyopita. Zihifadhi kwa nchi nyingine. Sheria mbili katika nchi moja huuana.

## Hatua ya 2: Orodhesha yanayotokana na sheria

Chukua ukurasa mtupu, uandike juu "Aliye kinyume", kisha upitie mambo matano: mwili, mikono, maandishi, vyombo, chakula.

Mwili: moyo wake uko upande wa kulia. Mganga akimpima atagundua mara moja.

Mikono: aliyezoea kupigana kwa mkono wa kulia bado anahisi anatumia wa kulia, ila wenzake wanaona wa kushoto. Mpe hasara ya pointi 1 kwenye kila mrusho wa dadu unaohusu shabaha, kwa saa moja ya mchezo, mpaka azoee.

Maandishi: hawezi kusoma moja kwa moja, na anachoandika wenzake hawakisomi mpaka wakiweke mbele ya kioo.

Vyombo: skrubu na mifuniko ya kuzungusha humfungukia kwa upande anaoona si wenyewe. Ufunguo aliovuka nao umegeuka pamoja naye, kwa hiyo hauingii kwenye kufuli ya nchi, isipokuwa kama meno yake yanalingana pande zote mbili. Kila alichokibeba mwilini hugeuka, na hili lisisahaulike.

Chakula ndicho kinacholipa zaidi, kwa hiyo kaa nacho. Molekuli nyingi za viumbe zina mkono wa kulia na wa kushoto, kama glavu. Louis Pasteur alilionyesha hilo mwaka 1848 alipotenganisha kwa mkono fuwele za chumvi ya asidi ya tartari za aina mbili, moja ikiwa sura ya nyingine kiooni. Sukari ya glukosi iliyogeuzwa kinyume ina utamu uleule mdomoni, lakini mwili hauwezi kuitumia kupata nguvu. Basi mhusika aliye kinyume atakula matunda ya nchi, ayafurahie, na azidi kudhoofika. Mtoze pointi 1 ya nguvu kwa kila siku anayotegemea chakula cha nchi. Chakula alichovuka nacho kinamshibisha kama kawaida, kwa sababu kimegeuka pamoja naye. Maji na chumvi ya kawaida havina mkono, kwa hiyo haviathiriki.

Harufu nayo inakupa kipimo kizuri cha majasusi. Karvoni ni kemikali moja yenye sura mbili: moja hunukia mnanaa, ya pili hunukia kisibiti. Mpe mgeni jani la mnanaa alinuse. Akisema "hiki ni kisibiti", huyo ni witiri.

Kosa la kawaida katika hatua hii ni kuongeza yasiyotokana na sheria: aliye kinyume anakuwa mkatili, anasema uongo, hana kivuli. Vinavutia kwa dakika tano. Baada ya hapo wachezaji hawajui tena lipi ni dalili na lipi ni pambo, na uchunguzi wao unakufa.

## Hatua ya 3: Chora ramani na nakala yake

1. Chora fremu ya miraba 24 kwa 16 kwenye karatasi ya grafu. Kaskazini iwe juu.
2. Weka maeneo sita tu. Zaidi ya hapo hutayafikia katika vikao vitatu vya mwanzo.
3. Hakikisha ramani hailingani kushoto na kulia. Mto mkuu upinde upande mmoja, mlima uwe pembeni, bandari iwe kwenye kona. Ramani iliyo linganifu ikigeuzwa hakuna atakayeona tofauti, na kazi yako yote imepotea.
4. Weka karatasi ya mwanga juu yake, unakili kila mstari na majina yote kwa kalamu ya wino mzito.
5. Pindua karatasi hiyo uso chini. Unachokiona kwa nyuma ndiyo ramani ya mtu aliye kinyume. Iandike alama ya X nyekundu kwenye kona.
6. Simamisha kioo bapa ukingoni mwa ramani ya kwanza na ulinganishe sura yake na nakala. Zikitofautiana, ulinakili kwa kukisia badala ya kufuata mstari.

Usijaribu kuchora ramani ya kinyume kwa macho. Mkono hurudisha vitu mahali ulipovizoea, hasa herufi, na kosa la mraba mmoja kwenye daraja huzua ubishi wa nusu saa.

Wakati wa mchezo, walio sawa hupewa ramani ya kwanza, walio kinyume hupewa ile yenye X, na hakuna anayeruhusiwa kuchungulia ya mwenzake. Mmoja atasema "tupinde kulia", mwingine atashika njia nyingine kabisa. Waache wabishane.

## Hatua ya 4: Weka vioo vinavyotii fizikia

Kila moja ya maeneo sita lipe kioo cha aina yake. Tabia usizibuni, za kweli zinatosha na zinazidi.

Ziwa Bapa. Ni kioo cha kawaida, lango la kwanza. Ongeza sharti hili: mtu havuki mpaka ajione mzima, toka utosi hadi nyayo. Ili kujiona mzima unahitaji kioo chenye urefu wa nusu ya kimo chako. Mtu wa sm 180 anahitaji kioo cha sm 90, na ukingo wake wa juu uwe katikati ya usawa wa macho na utosi. Wengi wanadhani wakirudi nyuma wataonekana zaidi. Kwenye kioo bapa kilichosimama wima, kurudi nyuma hakuongezi hata kidole kimoja. Jitu la mita tatu likikutana na kioo cha mita moja limekwama, hata lirudi nyuma hadi mpakani. (Ziwa limelala chini, kwa hiyo kwa kuvukia simamisha ukuta wa kioo kwenye kingo zake.)

Ujia wa Vioo Viwili. Kuta mbili zinazotazamana huzaa sura zisizohesabika, kila moja nyuma ya mwenzake. Kila sura unayoingia inaongeza 1 kwenye hesabu. Weka kikomo kwa mwanga: chukulia kwamba kila kioo hurudisha asilimia 90 ya mwanga. Ukifika sura ya 7 umebaki na chini ya nusu. Ukifika ya 22, chini ya sehemu moja ya kumi. Kadiri unavyoenda ndani rangi huelekea kijani, kwa kuwa glasi ya kawaida hupitisha kijani vizuri kuliko rangi nyingine. Kwa hiyo mchezaji makini ataweza kukadiria amezama kiasi gani kwa kutazama rangi tu, na hilo usimwambie.

Ukitaka ukumbi unaong'aa badala ya ujia usio na mwisho, vioo vitazame madirisha. Ndivyo ulivyo Ukumbi wa Vioo wa Versailles, Ufaransa: matao 17 yenye jumla ya vioo 357, yakikabili madirisha 17.

Mnara wa Pembe. Kuta mbili za kioo zimeunganishwa kwa bawaba, na kuna gurudumu la kubadili pembe kati yake. Idadi ya sura ni 360 gawanya kwa pembe, toa 1: nyuzi 90 hutoa sura 3, nyuzi 60 hutoa 5, nyuzi 45 hutoa 7, nyuzi 30 hutoa 11. Kila sura ni mlango. Hakikisha mwenyewe kwa vile vioo vilivyoungwa: viweke juu ya kipimapembe, simamisha kete katikati, uhesabu. Kisha andika herufi R kwenye kipande cha karatasi ukiweke mahali pa kete. Utaona sura zilizo jirani na R halisi zimegeuka, zinazofuata ziko sawa, na zinaendelea kupishana hivyo. Kwa nyuzi 60, milango mitatu inakugeuza na miwili haikugeuzi. Tumia pembe hizo tu. Ukiweka nyuzi 50 au 70, sura za nyuma hukatika vipande na huwezi kusema ni mlango mmoja au miwili.

Bonde la Kitovu. Ni ukuta uliobonyea ndani kama bakuli, wenye nusu kipenyo cha mita 40. Kitovu chake kiko nusu ya hapo, mita 20 kutoka ukutani. Ukiwa karibu zaidi ya mita 20, sura yako ni kubwa na imesimama wima. Ukipita mita 20, imepinduka kichwa chini. Ukisimama penyewe kwenye mita 20, sura haipatikani. Yatazame haya kwa upande wa ndani wa kijiko: uso wako uko kichwa chini, kwa sababu kitovu chake kiko sentimita chache tu kutoka chumani. Kimchezo, hapo kitovuni ndipo mahali pekee nchini ambapo hakuna kiumbe anayeweza kukutokea kutoka kiooni. Kambi nzuri ya usiku. Ila bonde likielekea jua, miale yote hukutania hapohapo, na aliyelala akachelewa kuamka ataungua.

Pwani ya Chumvi. Mfano wake halisi ni Salar de Uyuni nchini Bolivia, uwanda wa chumvi wenye zaidi ya kilomita za mraba 10,000, ambao mvua ikiufunika kwa maji kidogo hugeuka kioo cha anga. Kwenye mchezo, pwani iwe na maji kwa saa 6 na kavu kwa saa 6. Ikiwa na maji na upepo umetulia, hatua ya kwanza juu yake huhesabiwa kuvuka mara 1. Ikiwa kavu, sifuri. Mchana wa joto weka mazigazi kwa mbali. Mazigazi yanafanana na maji yanayoakisi, lakini ni mwanga wa anga uliopindishwa na hewa ya moto karibu na ardhi. Si kioo, kwa hiyo hayahesabiwi. Mchezaji atakayeuliza "haya ni maji kweli?" kabla ya kuandika hesabu yake anastahili jibu la kweli.

Lango la Giza. Ni kipande cha glasi tupu kinachotenganisha chumba chenye mwanga na chumba cha giza. Aliye kwenye mwanga anaona kioo. Aliye gizani anaona dirisha. Hila hii ya glasi na taa ndiyo iliyompa umaarufu John Henry Pepper jukwaani London mwaka 1862, alipoonyesha mizimu kwa glasi iliyowekwa mshazari mbele ya watazamaji. Kwenye nchi yako lango hili lihesabike mara 1 ukitokea mwangani, na mara 0 ukitokea gizani. Matokeo yake ni kwamba kwenda na kurudi hakukurudishi ulivyokuwa. Hapa ndipo kundi litakaponaswa kwa mara ya kwanza, na watadhani umebadilisha sheria. Hujabadilisha. Dawa iko mikononi mwao: aliyebeba taa ndiye anayeamua upande upi ni kioo.

Ukihitaji fumbo la njia zinazopotosha, chora mpango wake kwa pembetatu zenye pande sawa, si kwa miraba. Kuta zinazokutana kwa nyuzi 60 huzaa sura zinazoungana bila mshono, kiasi kwamba ukumbi mdogo huonekana wenye njia nyingi. Fumbo la vioo la Lucerne nchini Uswisi, lililotengenezwa kwa maonyesho ya Geneva ya mwaka 1896, lina vioo 90 tu.

## Hatua ya 5: Andaa maandishi na saa

Kwa ujumbe wa kawaida, andika kwenye karatasi ya mwanga kisha uipindue. Lakini tumia pia herufi zisizobadilika kiooni: A, H, I, M, O, T, U, V, W, X, Y. Neno lililoandikwa kwa herufi hizi tu huendelea kusomeka, ila linasomwa kutoka mwisho. Ukiandika mlangoni ITA, aliye kinyume atasoma ATI. UMA itakuwa AMU, UA itakuwa AU, OA itakuwa AO. UTU hubaki UTU, na AMA hubaki AMA, kwa hiyo maneno haya mawili yanafaa kuwa nywila inayofanya kazi pande zote. Tumia herufi kubwa. Ndogo hazina uaminifu huo.

Saa ya mishale: toa saa iliyopo kutoka 11:60. Saa ya 4:20 huonekana 7:40. Saa ya kidijitali, yenye tarakimu za vijiti: 0 na 8 hazibadiliki, 1 husogea tu, 2 huwa 5 na 5 huwa 2, tarakimu nyingine huvurugika.

## Hatua ya 6: Fumbo la mwale

Chora miraba 8 kwa 8. Weka taa kwenye ukingo wa kushoto, mstari wa 3, na shabaha juu ya ukingo wa kulia. Panga vioo vinne vyenye nyuzi 45. Kila kimoja kinapindisha mwale kwa pembe mraba. Kisha zungusha viwili vitoke kwenye mkao sahihi na uwaachie wachezaji wavirudishe. Kumbuka kwamba ukizungusha kioo kwa nyuzi 15, mwale huzunguka kwa 30. Wasimamizi wengi husahau mara mbili hiyo, na fumbo linakosa jibu. Litatue mwenyewe kwa penseli kabla ya kikao.

## Hatua ya 7: Endesha kikao cha kwanza

1. Kundi liingie nchini kwa miguu, mpakani, kila mmoja akiwa na hesabu 0. Wakiingia kwa kioo wataanza wakiwa witiri na hawatakuwa na cha kulinganisha.
2. Kabla ya kioo chochote, eleza wazi vitu vitatu vyenye upande: kovu la mlinzi kwenye shavu la kulia, bango lenye maandishi, mti ulioinama mashariki.
3. Wape lango la kwanza lisilo na hatari. Mhusika mmoja avuke, wengine wabaki.
4. Geuza kete yake iwe nyeusi, mpe ramani yenye X, umweleze tena vitu vilevile vitatu jinsi anavyoviona sasa. Usiseme neno "kinyume".
5. Weka daftari la hesabu mbele yako, nyuma ya kizuizi: safu moja kwa kila mhusika, alama moja kwa kila kuvuka. Liandike papo hapo, si mwisho wa tukio.
6. Kila kabla ya mabadiliko ya nchi, mfano maji kujaa pwani, toa dalili moja zamu nzima mapema.

Ukitaka kitisho cha kweli mezani, punguza taa na umwombe mchezaji ajitazame kwenye kioo kwa dakika moja bila kusema. Giovanni Caputo, mtafiti wa Italia, alichapisha mwaka 2010 kwamba watu wanaojitazama kwenye mwanga hafifu huanza kuona uso wao ukiharibika au uso wa mtu mwingine kabisa. Ni kazi ya macho na ubongo, na kwa baadhi ya watu inasumbua. Omba ridhaa kwanza, na asiyetaka asishurutishwe.

## Mambo yakienda vibaya

Wachezaji wamechanganyikiwa kabisa. Mara nyingi umemgeuza kila mtu kwa pamoja. Kundi zima likiwa kinyume hakuna aliye sawa wa kulinganisha naye. Tafuta njia ya kumrudisha mmoja.

Wamegundua sheria ndani ya saa moja. Vizuri. Kuijua sheria hakuwatoi kwenye Lango la Giza wala hakuwapi chakula. Usiibadilishe kwa kuudhika. Hapo ndipo nchi inapokufa.

Hesabu ya daftari na kete havilingani. Fuata kete, kwa sababu ndiyo wachezaji walioiona, kisha sahihisha daftari. Ikitokea kila kikao, unaandika umechelewa.

Mchezaji anasema kioo kinabadilisha kushoto na kulia, kwa nini si juu na chini? Kioo hakibadilishi kushoto na kulia. Kinageuza mbele na nyuma: pua yako inayoelekea kaskazini, ya kwenye sura inaelekea kusini. Mkono wa mashariki umebaki mashariki. Mwonyeshe kwa kalamu iliyoelekezwa kiooni na mjadala utaisha.

Vioo viwili vya nyuzi 90 vinaonyesha sura "isiyogeuka". Ndivyo inavyopaswa. Sura ya katikati imeakisiwa mara mbili, hivyo ni shufwa. Ukiinua mkono wa kulia, nayo inainua wa kulia wake. Kupita kwenye kona hiyo huhesabiwa 2.

Mtu anataka kuvuka ili apate nakala yake ipigane pamoja naye. Kuvuka humhamisha mtu, hakumzidishi. Sura iliyobaki kiooni ni mwanga tu, na anapoondoka inaondoka.

Hakuna anayeogopa kuwa kinyume. Hujawatoza chakula. Mwanzo wa kila siku ya mchezo waulize, kwa sauti, kila mmoja amebakiwa na akiba ya milo mingapi aliyovuka nayo, uandike namba hiyo wote wakiiona.

Aliye kinyume anafia njaa mbali na kioo chochote. Angalia ramani yako: kati ya eneo na eneo pasiwe na zaidi ya siku tatu za mwendo. Kama ulizidisha, mpe dalili ya maji yaliyotulia njiani. Dimbwi lenye urefu wa nusu ya kimo chake linamtosha, ilimradi apate namna ya kujiona mzima ndani yake.